Maneno ya Chérie Katika Kitabu Changu

Tarehe 9, mwezi wa kwanza

Samy mume wangu amesema kama nina maneno mengi kiasi hiki niyaandike, yeye anataka kusikiliza mpira redioni. Basi nayaandika.

Leo mkurugenzi wa chuo, Papa Albert, ametuita ofisini kwake, mimi na Chérie. Juu ya meza alikuwa ameweka kitabu cha mazoezi cha Papa Séraphin, cha hesabu za vigeu vingi, zile zenye namba nyingi zinazobadilika kwa pamoja. Kitabu ni cha Kifaransa. Tafsiri ya Kiswahili ipo, ya zamani sana, imetafsiriwa neno kwa neno, na nadhani hata aliyekitafsiri hakukielewa. Wanafunzi wa mwaka wa kwanza wanaifungua, wanaifunga, wanatoka kwenda kutafuta beignets, yale maandazi ya mtaani. Mkurugenzi anataka iandikwe upya, yale yale kwa maneno mengine, maneno ambayo kijana wa mtaa wetu wa Kikula atayashika bila kuita mkalimani.

"Ba-formule musiguse," alisema. "Ile Papa Séraphin alimalizaka. Munibadilishie maneno tu."

Kisha akasema jambo ambalo bado linanidunda kifuani. Baada ya Pasaka somo la vigeu vingi litaanza, na halina mwalimu. Mmoja wetu atapewa. Yule ambaye kurasa zake zitakuwa nyingi kitabuni, jina lake litatangulia kwenye jalada na somo litakuwa lake.

Nimekuwa nikisahihisha karatasi za walimu wengine tangu niajiriwe. Nimefuta ubao baada ya watu ninaowazidi kwa kujua. Hili somo nimelitaka kama mtu anavyotaka nyumba yake mwenyewe baada ya kupanga kwa watu.

Chérie alinitazama, nikamtazama, tukacheka. Tumeketi benchi moja tangu lycée, shule ya sekondari, na Papa Séraphin ndiye aliyetufundisha hesabu sote wawili. Mimi nilikuwa wa kwanza katika hesabu. Chérie alikuwa wa pili katika hesabu na wa kwanza katika mengine yote.

Tarehe 11, mwezi wa kwanza

Papa Séraphin ameweka sharti. Anataka tufanye kama alivyotufanyisha zamani: kila ukurasa tuuandike sote wawili, kila mtu kivyake, halafu mtu wa tatu azisome kurasa zote mbili kwa sauti bila kutaja ni za nani. Macho yake yamefunikwa na ukungu sasa, haoni maandishi, lakini masikio yake hayana neno. Ukurasa atakaoupenda atasema "Hii", na mambo yameisha.

Msomaji ni Alphonsine, mke wa mwanawe. Anasoma kila kitu kama matangazo ya parokia. Nimefurahi. Kwa sauti ile hakuna ukurasa utakaopendelewa.

Tarehe 14, mwezi wa kwanza

Somo la kwanza: ule mshale ambao Wafaransa wanauita gradient. Uko juu ya mlima, unataka kujua upande gani mlima unapanda kwa ukali kuliko pande zote. Mshale unakuonyesha. Tafsiri ya zamani inauita mteremko. Mimi niliuita mwinamo, neno safi, halimuudhi mtu. Nikaandika: "Mwinamo ni mshale uonyeshao upande ambao thamani ya kitendakazi huongezeka upesi zaidi." Niliusoma mara nyingi nyumbani na kila mara niliupenda.

Alphonsine akausoma. Papa Séraphin alitikisa kichwa taratibu, kama mtu anayekubali kuongezwa chumvi. Kisha ukaja ukurasa wa pili.

"Simama juu ya mlima. Geuka polepole mpaka upate upande ambao magoti yatachoka kwanza. Huo ndio upande wa mwinuko, na mshale wake unaelekea huko."

"Hii," alisema mzee, na Alphonsine alikuwa bado hajamaliza.

Halafu Chérie akaanza kueleza, ingawa hakuulizwa. "Papa, mteremko unashuka. Mwinamo haujulikane kama unapanda ao unashuka. Ile mshale yenyewe iko napanda. Njo maana nikaweka mwinuko."

"Njo vile," mzee akasema. "Mwanangu, njo vile kabisa."

Mwanangu! Mimi nilikuwa nimekaa palepale, kikombe cha chai mkononi.

Tarehe 15, mwezi wa kwanza

Mvua. Magoti! Nani anaweka magoti katika hesabu?

Tarehe 21, mwezi wa kwanza

Nimeshinda! Yeye aliandika "mpaka", mimi niliandika "kikomo", na nikaeleza kwamba mpaka unaweza kuuvuka lakini kikomo unakikaribia tu, unakikaribia tena, bila kulazimika kukigusa. Papa Séraphin alisema "Hii" na akaniuliza watoto hawajambo.

Nikiwa njiani nilinunua samaki wabichi sokoni Kikula bila kugombea bei. Samy aliwaangalia samaki, akaniangalia mimi.

"Leo ni sikukuu ya nani?"

"Ya kikomo," nikamwambia.

Chérie alikuwa amenipongeza. Alinishika bega na kusema, "Ile ya kwako ilikuwa muzuri, Mama Divin." Alisema kwa moyo mweupe, na hilo liliharibu kidogo ladha ya samaki.

Tarehe 28, mwezi wa kwanza

Kuna nukta ambayo ukiitazama huku ni kilele, ukiitazama kwa ubavu ni bonde. Kifaransa kinasema tandiko la farasi. Tafsiri ya zamani: nukta ya tandiko. Nikaliacha lilivyo, kwa kuwa ndivyo ulimwengu wote unavyosema.

Chérie aliandika "nukta ya shingo". Njia inayopita kati ya vilima viwili, anasema: dereva anapanda, anafika juu kabisa pa njia yake, anaanza kushuka. Kwake yeye pale ni kilele. Lakini akitazama kushoto na kulia, vilima bado viko juu yake. Kwa vilima pale ni bonde.

"Hapa Likasi nani alipandaka farasi?" alimuuliza Papa Séraphin. Mzee alicheka mpaka akakohoa, Alphonsine akakimbilia maji.

Hii. Hii. Hii. Wiki nzima ni hii, na hii si yangu.

Tarehe 3, mwezi wa pili

Alphonsine ameniambia kwamba siku ya Jumamosi Chérie alikwenda Kakontwe, akasimama karibu na machimbo ya mawe ya chokaa akitazama zile ngazi kubwa zilizochongwa mwambani. Amerudi na ukurasa kuhusu mistari ya kimo sawa. Ukitembea juu ya ngazi moja, hupandi wala hushuki. Ukitaka kubadili kimo lazima uiache ngazi. Ndivyo mistari ile ilivyo katika mchoro.

Mzee hakusema hata "Hii". Aliomba asomewe tena.

Tarehe 5, mwezi wa pili

Nimekwenda Kakontwe mimi pia. Sikumwambia mtu. Mvua ilininyeshea njia nzima, kiatu kimoja kilinasa kwenye tope na kijana wa pikipiki alikivuta huku akijizuia kucheka. Nilisimama pale pale watu wanaposimama. Niliona shimo, malori na vumbi lililogeuka uji. Sikupata hata sentensi.

Samy aliuliza kiatu kimepatwa na nini. Nikamwambia nilikanyaga vibaya mbele ya chuo.

Tarehe 10, mwezi wa pili

Umeme haupo. Mahindi mabichi yamejaa sokoni.

Tarehe 12, mwezi wa pili

Kazi ya kuingiza kurasa kwenye kompyuta ni yangu, kwa sababu kompyuta ni yangu na Chérie hana mkono wa kupanga fomula. Kurasa zote zilizochaguliwa zinakuja kwangu, zake na zangu. Zake nyingi, zangu chache.

Leo mchana nilikaa mezani kuingiza ule ukurasa wa mshale. Nilifika kwenye magoti. Vidole vikasimama. Nikaandika "miguu". Upande ambao miguu itachoka kwanza. Maana ni ile ile, na ni lugha ya heshima zaidi kidogo. Ni neno moja tu.

Tarehe 13, mwezi wa pili

Ukurasa unaofuata unasema mwinuko, mwinuko, mwinuko. Lycée walitufundisha kwamba kurudia neno ni umaskini. Katika insha ya Kifaransa, neno likitokea mara mbili katika aya moja, kalamu nyekundu ilikuwa inakungoja. Walimu walitufungulia kamusi ya visawe na kutuambia tuchague. Chérie anaijua sheria hiyo kuliko mimi, yeye ndiye aliyepata zawadi ya insha.

Basi pale mwinuko ulipotokea mara ya pili nikaweka mwinamo. Mara ya tatu, mteremko. Aya ikapendeza.

Tarehe 17, mwezi wa pili

Shingo nimeigeuza kuwa tandiko katika mazoezi mawili, kwingine nimeacha. Ngazi nimeziita madaraja, kisha vidato, kisha ngazi tena. Kimo, urefu wa kwenda juu, kiwango. Nafanya kazi vizuri sana. Nikimaliza ukurasa mmoja nausoma kwa sauti, na sauti ya Chérie haipo ndani tena. Sijui kama yangu ipo.

Samy alipita nyuma yangu na sahani.

"Unacheka na nani?"

Sikujua kwamba nacheka.

Tarehe 24, mwezi wa pili

Papa Séraphin leo alimwita Chérie "mwanangu" na mimi akaniita "Mama Divin". Najua ni heshima. Kila mtu ananiita Mama Divin, nina mume na watoto, ndivyo inavyopaswa. Yeye hajaolewa, hana mtoto, ni Mademoiselle Chérie kwa wote hata kwa wauza mkaa. Lakini ningependa na mimi mtu aniite mwanangu, umri huu nilio nao, mbele ya Chérie, mara moja tu.

Niliporudi nyumbani nilibadilisha maneno katika sura nzima ya nne.

Tarehe 4, mwezi wa tatu

Mvua haikatiki. Barabara ya kwetu imekuwa mto mwekundu. Kitabu kimekwisha. Mkurugenzi ameagiza kijaribiwe na wanafunzi siku ya Jumatatu kabla hakijakwenda kwa mpiga chapa. Anasema atakuwapo mwenyewe, na Papa Séraphin ataletwa na gari la chuo.

Chérie aliomba kukisoma kwanza. Nikamwambia printa haina wino. Wino ulikuwepo.

Tarehe 9, mwezi wa tatu

Sitaweza kuandika kwa ufupi leo.

Darasa lilijaa. Mvua ilikuwa inapiga mabati hadi ilibidi tungoje ipungue ndipo mkurugenzi azungumze. Papa Séraphin alikaa mbele, fimbo kati ya magoti yake. Alphonsine alikuwa pembeni. Mimi na Chérie tulisimama ukutani. Wanafunzi walipewa karatasi, mazoezi matatu, yale ya mlima. Zoezi la kwanza linasema: tafuta mwinuko penye nukta hii. La pili: ukitumia mwinamo huo, eleza upande utakaokwenda. La tatu: onyesha kwamba mteremko hukata mstari wa kimo sawa kwa pembe mraba.

Mwanzoni kalamu zilikimbia. Nikajipongeza moyoni. Kisha zikaanza kusimama, moja baada ya nyingine, na wanafunzi wakaanza kuchunguliana. Nilipita kati ya madawati. Kijana mmoja alikuwa amepata mshale sahihi katika zoezi la kwanza. Katika la tatu akauwekea alama ya kutoa, ukageuka nyuma. Jirani yake alifanya hivyo hivyo. Nusu ya darasa walikuwa wamefanya hivyo hivyo, kwa sababu wana akili: mwinuko unapanda, mteremko unashuka, basi mmoja ni kinyume cha mwingine. Wengine waliacha zoezi la pili tupu, wakitafuta kwenye karatasi mahali ambapo mwinamo umeelezwa. Haukuelezwa popote.

Kijana aitwaye Michée, mrefu, anayekaa nyuma siku zote, alisimama.

"Mama, musamaha. Hizi bintu ni tatu ao ni moja?"

Hakuna aliyecheka. Hilo lilikuwa baya zaidi.

"Ni moja," nikasema.

"Sasa juu ya nini iko na majina tatu?"

Nikaenda ubaoni. Nikachora mlima, nikachora nukta, nikaanza kueleza, na nilisikia mdomo wangu ukisema: simameni pale, geukeni polepole mpaka mpate upande ambao magoti yatachoka kwanza. Darasa likanyanyua vichwa. "Aaa!" wakasema, wengi kwa pamoja, na Michée akaketi akaanza kufuta. Katika maisha yangu yote ubaoni sijawahi kusikia "Aaa" ya namna ile. Na ilikuwa ya Chérie. Hata pale nilipokuwa nazama niliokolewa kwa magoti yake.

Mkurugenzi alitufungia mlango ofisini, sisi wawili na Papa Séraphin. Alikuwa amekunja karatasi hadi imekuwa fimbo.

"Papa Séraphin njo anaandika vigeu vingi kwa Kifaransa, kila mutu anaelewa. Sisi tunaandika Kiswahili, Kiswahili yetu wenyewe, batoto banapotea. Nani alitia haya maneno?"

Alimtazama Chérie. Sote tunajua nani ni mtu wa maneno.

Chérie alikuwa ameshika ukurasa. Alikuwa anausoma polepole, mstari kwa mstari, na niliona macho yake yakifika kwenye "miguu", yakisimama, yakirudi. Alifika chini. Akaninyanyulia macho, si kwa hasira. Alinitazama kama mtu anayetazama nyumba aliyowahi kuishi.

"Ni minye, Papa Directeur," akasema. "Nilitaka ipendeze. Nilibadilisha mingi sana."

Papa Séraphin aligeuza kichwa upande ilikotoka sauti yake.

Mimi sikusema kitu.

Mkurugenzi alisema sawa, kosa ni kosa, lakini somo hawezi kulikabidhi kwa mtu anayecheza na istilahi. Jina la kwanza litakuwa langu. Somo ni langu. Nisahihishe maneno yote kabla ya Pasaka.

Tarehe 10, mwezi wa tatu

Nimeshinda. Nimeliandika neno hili ili nilione. Nimelitazama muda mrefu.

Tarehe 12, mwezi wa tatu

Sikumtuma Chérie. Sikumwomba. Angeweza kunyamaza tu, mkurugenzi angeuliza tena, na labda ningesema. Labda. Nani alimwambia ajibu haraka vile? Nimeanza kurudisha maneno yake kwenye kompyuta, mwinuko kila mahali, shingo kila mahali. Kazi inakwenda upesi. Kurudisha ni rahisi kuliko kubadilisha, kwa kuwa kila neno lake najua lilikuwa wapi.

Tarehe 16, mwezi wa tatu

Mkutano wa walimu. Mkurugenzi alisimama akazungumza juu ya kitabu, akataja jina langu, watu wakapiga makofi ya kawaida. Kisha akazungumza juu ya Chérie.

"Mutu ya kusimama na kusema ni minye nilikosa, siku hizi iko ngumu kumupata. Mademoiselle Chérie alitufundisha kitu."

Makofi yakawa marefu. Walimu wengine walisimama. Yule wa kemia, ambaye hajawahi kumsalimu mtu, alikwenda kumshika mkono kwa mikono miwili. Chérie aliinamisha kichwa. Nilimtazama vizuri sana. Hakuwa anajifanya mnyonge. Alikuwa amependeza.

Nimerudi nyumbani nikamwambia Samy kila kitu, tangu "miguu" mpaka makofi. Aliacha kula.

"Sasa unalia juu ya kosa ao juu ya makofi?"

Nilimwambia asiniulize maswali ya kipuuzi.

Tarehe 18, mwezi wa tatu

Wanafunzi wanamsalimu Chérie tofauti. Alphonsine amempelekea kuku. Kuku! Lile kosa ni langu! Nililifanya mimi, kwa mikono yangu, mchana baada ya mchana, na sasa yeye ndiye anayelivaa kama kitenge kipya.

Tarehe 20, mwezi wa tatu

Leo nimekwenda kwa mkurugenzi nikamwambia ukweli.

Nataka niandike sababu kama ilivyokuwa, kwa kuwa hapa hakuna wa kunipigia makofi. Sikwenda kwa ajili ya dhamiri. Dhamiri ilikuwepo, ilikuwa imekaa pembeni tangu siku ile, na ningeweza kuishi nayo. Nilikwenda kwa sababu sikuweza kuvumilia awe mwema peke yake. Ameshachukua magoti, ngazi, na lile neno "mwanangu". Wema nao achukue wote?

Mkurugenzi alivua miwani.

"Mama Divin, munanichezea? Wiki mbili iliyopita ni yeye. Sasa ni weye?"

"Ni minye, Papa Directeur. Yeye hakugusa hata neno moja. Kompyuta ni yangu."

"Na yeye alisema vile juu ya nini?"

"Muulize mwenyewe."

Alivaa tena miwani. Alisema somo atampa Chérie, jina la Chérie litatangulia, na mimi nitabaki nasahihisha karatasi. Alisema pia kwamba amenisikia, na kwamba ni vizuri nimekuja. Hakusimama. Hakuna aliyesimama.

Tarehe 21, mwezi wa tatu

Chérie alikuja asubuhi, mvua ikiwa bado ni kubwa, mwavuli wake umepinduka. Nilifungua mlango nikiwa nimeshatayarisha uso wa kupokea shukrani. Alikuwa amekasirika kiasi ambacho sijamwona tangu tukiwa wasichana.

"Weye hauwezi kuniachia hata kitu moja?"

Nilimwambia aingie, analowa. Hakuingia.

"Somo nilikuachia. Jina nilikuachia. Bwana uko naye, batoto uko nabo. Ku lycée, mu hesabu, wa kwanza ni weye, kila mwaka ni weye, minye niko nyuma yako napiga makofi. Nikajisema, hii moja itakuwa yangu. Batu batasema Chérie iko na roho muzuri. Hii moja tu. Na weye unakimbia kwa Directeur kuichukua!"

"Sikuenda juu ya roho muzuri," nikasema. "Nilienda juu ya wivu."

"Unafikiri minye nilisema vile juu ya nini?"

Maji yalikuwa yanatiririka kutoka kwenye mwavuli mpaka kwenye miguu yangu. Samy alichungulia kutoka chumbani, akatuona, akarudi ndani na kufunga mlango taratibu.

"Kumbe uliniona," nikasema. "Siku ile ofisini."

"Nilikuona tangu 'miguu'. Mutu gani anaandika miguu? Miguu yote inachoka. Ni magoti njo inachokaka kwanza."

Aliingia. Hakunywa chai niliyompa, akaiacha ipoe mbele yake, akasema nilete kompyuta. Tulisoma kitabu kizima, ukurasa kwa ukurasa. Aligundua mwinamo mmoja niliousahau katika sura ya tano na akanitazama bila kusema neno. Niligundua kwamba mahali pamoja yeye mwenyewe alikuwa amechanganya kigeu na kiasi, tangu mwanzo, kabla sijaugusa ukurasa. Nilimwonyesha. Nilifurahi, naandika wazi kwamba nilifurahi. Akasahihisha.

Alipokuwa akiondoka hatukukumbatiana. Alichukua mwavuli wangu, kwa kuwa wake ulikuwa umekufa, akasema ataurudisha Jumatatu.

Tarehe 2, mwezi wa nne

Mvua zinapungua. Kitabu kimekwenda kwa mpiga chapa.

Tarehe 14, mwezi wa nne

Jua kali siku nzima, la kwanza tangu lini sijui. Chérie amefundisha somo lake la kwanza la vigeu vingi. Aliniomba nikae nyuma ya darasa, "kama kuna kitu", alisema. Nilijua maana yake. Maneno ni yake, lakini hesabu ndiyo yangu, na palipo na jambo gumu atahitaji mtu. Nilivaa kitenge cha kijani. Nilichukua chaki yangu mwenyewe ndani ya mkoba.

Alianza vizuri, kwa sauti ndogo kidogo. Darasa lilikuwa kimya, lakini ukimya wa kusikiliza. Kabla ya saa kwisha Michée alisimama akauliza lile swali ambalo wote hukwama: kwa nini mshale wa mwinuko lazima ukate mstari wa kimo sawa kwa pembe mraba, kwa nini usiukate kwa mshazari? Chérie alitazama ubao. Nilimwona akipitisha kidole juu ya mchoro, na uso wake ukageuka kidogo upande wangu.

Nilisukuma kiti nyuma. Nilikuwa nimeshasimama, mkono ndani ya mkoba, vidole vimeshika chaki.

Akajibu mwenyewe. Alitumia mfano ambao sijawahi kuusikia, akaandika mistari mitatu ya hesabu bila kosa, na Michée akasema asante.

Nikakaa tena.